Maharage Yasiyoiva Nyanje

Maharage ya mzazi yaligoma kuiva. Yalibandikwa jikoni tangu asubuhi, maji yakachemka upesi na kwa fujo kama ilivyo kawaida ya maji ya Nyanje, mvuke ukajaa hadi darini, lakini kila Chausiku alipochota moja na kuliminya, lilikuwa gumu vilevile kama lilivyotoka guniani. Akaongeza kuni. Akaongeza maji. Mwisho akaweka mwiko chini, akajitupa kwenye kigoda akihema, maana siku hizi hata kuinua sufuria kulimtoa mtu pumzi.

"Acha tu, dada," Mize alisema kutoka kitandani, mtoto wake mchanga akiwa kifuani. "Nitakunywa uji. Bibi alikuwa akituambia enzi zao maharage yalikuwa yanaiva hata hujamaliza kufagia uwanja."

"Bibi naye alikuwa anatia chumvi."

"Labda. Lakini alikuwa na meno mawili, na maharage alikula."

Chausiku aliinuka. Alikwenda kumtazama mtoto. Alikuwa mvulana mnene, mwenye hasira za kuzaliwa, na midomo yake ilikuwa na rangi ya zambarau kidogo, kama ya watoto wote waliozaliwa Nyanje miaka hii. Alinyonya kidogo, akaacha kuvuta pumzi, akanyonya tena. Sudi, mtoto wa Chausiku mwenyewe, alinyonya hivyo hivyo mpaka siku aliyoacha.

Mlango ukafunguliwa na Mzee Machano akaingia akiimba. Baba yao hakuwa na sauti ya kuimba na alilijua hilo, ndiyo maana aliimba. Alikuwa amevaa shati jipya. Mkononi alishika kamba nene aliyoipapasa kwa vidole, kwa kuwa macho yake yalikuwa yamefifia, akawa haoni ila vivuli.

"Mkwe wangu Faki anasuka kamba vizuri," alisema. "Nimemwambia asibane sana, sitaki kufika huko chini nikiwa sina kiuno. Yuko wapi huyu bwana aliyekuja kunifukuza nyumbani?"

Mize alicheka, kisha akalia, kisha akampa mtoto amshike. Mzee alimpima mikononi, akiinua na kushusha polepole, kwa mazoea ya kazi.

"Mzito," alisema kwa fahari. "Ananistahili."

Kesho yake adhuhuri Mzee Machano alikuwa ashushwe. Ndivyo ilivyokuwa Nyanje, kisiwa kinachoelea angani: hakuna aliyeingia bila mwingine kutoka. Hapo zamani mtoto akizaliwa, ukoo wake ulivunja jiwe lenye uzito wa mtu mzima, likasukumwa kwenye Lango la Ukingo, likaanguka huko kusikosikika. Watoto walikuwa wengi na mawe yakaisha. Yaliyobaki ndiyo yaliyoshikilia mashamba na nyumba, huwezi kuyagusa. Basi ikawa mtu kwa mtu. Mkubwa wa ukoo alifungwa turubai mgongoni kwa kamba, akapewa mkate na kibuyu cha maji, akaruka nje ya lango. Watu walisema huko chini kuna visiwa vingine, na turubai likifunguka vizuri, mtu anaweza kutua. Hakuna aliyewahi kurudi kuthibitisha, wala kukanusha.

Na sababu yake kila mtoto aliijua kabla ya kujua jina lake. Jiwe la Nyanje limejaa matundu, na ndani ya matundu inaishi chachu. Chachu hiyo inapumua hewa nyepesi, kama ile inayoumua unga wa maandazi, na hewa hiyo ndiyo inayokiinua kisiwa. Hakuna aliyekijenga wala aliyekipandisha. Kilizuka chenyewe, kama uyoga unavyozuka. Lakini chachu haiongezeki kwa ajili ya mtu. Kila kinywa kipya kinakididimiza kisiwa, na huko chini kuna Weupe, ukungu unaochemka usiovutika kifuani. Wazee waliukumbuka Weupe ukiwa mbali chini yao, umetandazwa kama sakafu. Sasa ulikuwa milangoni. Uliingia madirishani, ukalowesha magodoro, ukabana vifua. Ni nani basi angehitaji kuambiwa kwamba kisiwa kinazama?

Chausiku alihitaji. Yeye ndiye aliyekuwa mpimaji wa Nyanje, aliyerithi kiti hicho kwa baba yake macho yalipomwishia, na bila mpimaji kutamka neno langoni hakuna aliyeshushwa. Alimtazama baba yake akimrusharusha mjukuu.

"Baba," alisema. "Kabla ya jioni twende nyumba ya mizani. Kuna kitu nataka ukishike."

*

Nyumba ya mizani ilikuwa na mizani mbili. Ile kubwa, yenye sahani pana kama vitanda, ilikuwa ya watu. Ndogo ilikuwa ya nafaka, na juu ya sahani yake moja Chausiku alikuwa ameweka tenga lililofunikwa. Ndani yake kuku alilalamika. Kisha zikasikika sauti ndogo nyingi.

"Unafuga kuku kwenye mizani ya serikali," Mzee Machano alisema. "Enzi zangu ningekufukuza kazi."

"Shika mtaimbo wake, Baba."

Mzee alinyoosha mkono, akaupata mtaimbo wa mizani, chuma kilichobeba sahani mbili, akatembeza vidole taratibu hadi katikati. Hakuna mtu Nyanje aliyeusoma mtaimbo kwa vidole kama yeye.

"Uko karibu sawa," alisema. "Upande wa kuku umepanda kidogo. Mwepesi kwa kiasi cha nyoya."

"Nilimweka kuku humo akiwa na mayai yake, mtama wake na bakuli lake la maji. Nikasawazisha na mawe upande wa pili. Tangu siku hiyo sijatia punje, wala sijatoa hata kinyesi. Mayai yameanguliwa. Sikiliza, vifaranga vimejaa. Vimekula, vimekua, vinapigana."

"Na mawe umeongeza mangapi?"

"Sijaongeza, Baba."

Mzee Machano aliurudia mtaimbo. Akaupapasa tena kuanzia mwanzo, kama mtu anayesoma barua asiyoiamini. 

"Wazo lilinijia baada ya Sudi," alisema Chausiku. "Alipozaliwa, mama alishushwa. Sudi akafa, tukamzika palepale nyuma ya nyumba. Nikajiuliza, uzito wake ulikwenda wapi? Haukwenda popote. Na kama alipokufa haukwenda popote, alipozaliwa ulitoka wapi? Ulitoka kwenye uji wangu. Uji ulitoka kwenye mtama, na mtama kwenye udongo huu huu. Mtoto wa Mize ni mihogo ya Nyanje, Baba. Hakuletwa na upepo."

Mzee aliusogeza mkono hadi kwenye tenga.

"Hatuongezeki. Tunapungua tu. Kuni tunazochoma zinapanda moshi. Maji machafu tunamwaga ukingoni kila asubuhi ili tujipunguzie mzigo. Mawe tumetupa, na sasa tunatupa watu."

"Lakini Weupe..."

"Weupe wa chini unachemka, wewe ndiye uliyenifundisha. Huu unagandisha vidole. Huu ni mwingine, Baba, ni mawingu ya juu. Hatujazama ndani yake. Tumepanda tukaufikia."

"Na vifua?"

"Huku juu hewa ni haba. Ndiyo maana hata maji yanachemka kabla ya kupata moto wa kutosha. Ukitia mkono kwenye maji yanayochemka unautoa mzima. Maharage yataivaje?"

Mzee Machano alitafuta ukuta kwa mkono, akaupata, akashuka nao hadi akakaa sakafuni.  Kuku naye alinyamaza, kana kwamba mambo haya yanamhusu.

"Umemwambia nani?"

"Wewe tu."

"Basi liishie hapa."

Chausiku alidhani hakusikia vizuri.

"Mama yako alinishika mkono pale langoni," mzee alisema, sauti yake ikiwa kavu. "Akaniuliza, umepima sawasawa? Nikamwambia, Kazija, nimepima sawasawa. Akacheka, akaniambia nisisahau kuanika nguo. Hilo ndilo neno lake la mwisho. Sasa wewe unataka kuniambia nini? Kwamba nilimtupa mke wangu kama maji ya kuoshea vyombo?"

"Hukujua, Baba."

"Hiyo haimrudishi. Sikiliza, mwanangu. Kila nyumba hapa ina mtu aliyetokea lile lango. Wote wanalala usiku kwa sababu wanaamini kulikuwa na haja. Ukisema, utawafanya wote kuwa wauaji kwa siku moja. Niache mimi niende kesho. Nitakwenda kama alivyokwenda yeye, shati jipya na moyo mweupe. Baada yangu sema unachotaka."

"Kila mpimaji angesema hivyo. Baada ya baba yangu. Baada ya mama yangu." Chausiku alichuchumaa mbele yake. "Na ukienda, Baba, tutapanda zaidi. Umemsikia yule mtoto anavyonyonya? Sudi alinyonya hivyo."

Mzee Machano alijifunika uso kwa viganja.  Walirudi nyumbani wameshikana mikono, na njiani kila waliyekutana naye alimpongeza mzee kwa mjukuu.

*

Watu walijaa Ukingoni adhuhuri. Jua halikuonekana, kulikuwa na Weupe tu, na ndani ya Weupe watu walikuwa vivuli vinavyohema. Wanawake walikuja na mabeseni ya maji machafu, kwa kuwa ilikuwa desturi kuyamwaga nyuma ya mshushwa, apate kusindikizwa. Mzee Machano alisimama mbele ya lango, turubai mgongoni, mkate kwenye kikapu. Faki alikuwa akikaza vifundo huku akilia waziwazi. Mize alikaa pembeni na mtoto, amejifunika khanga hadi machoni.

Aliyeshika komeo la lango alikuwa Shaali, Mkuu wa Ukingo. Alikuwa mtu mpana, mpole, wa maneno machache. Msimu wa mavuno uliopita mama yake alikuwa ameshushwa kwa ajili ya binti mchanga wa Shaali, na tangu siku hiyo Shaali hakuonekana akila mbele za watu.

"Uzito kwa uzito," Shaali alisema.

"Uzito kwa uzito," watu waliitikia.

"Mpimaji, vimelingana?"

Hapo Chausiku alitakiwa kusema vimelingana. Neno moja tu. Alishawahi kulisema kwa watu wengine, wengine wakimtazama usoni. Alimtazama baba yake, naye alikuwa amegeuza uso upande wake, akitikisa kichwa kidogo sana: usiseme lile lingine.

"Sitasema," alisema Chausiku.

 Mtu mmoja alikohoa.

"Sitasema kwa sababu si kweli. Na haikuwa kweli tangu mwanzo." Akawaeleza. Alieleza kuhusu kuku na mtama, kuhusu kuni na moshi, kuhusu maharage. Alieleza vibaya, akirukia huku na huku, pumzi ikimkatika katikati ya sentensi, na kadiri alivyosema ndivyo alivyoona vivuli vikisogea karibu. Mama mmoja alianza kupiga kelele, "Nyamaza! Nyamaza!" bila kutua. Mwingine alimrushia beseni zima, maji yakamwagikia miguuni, ya baridi kama kisu.

Shaali aliinua mkono. Watu wakatulia.

"Unamtetea baba'ko," alisema, bila ukali. "Nakuelewa. Lakini kila mtu hapa alikuwa na baba."

"Ndiyo maana nasema, Mkuu."

"Hapana. Ungetaka kusema, ungesema wakati wa mama yangu. Ulimtazama mama yangu ukasema vimelingana."

 Wakati ule kuku alikuwa hajaatamia, Chausiku mwenyewe alikuwa na shaka tu isiyokuwa na umbo, na aliogopa kuchekwa. Lakini ni jibu gani hilo la kumpa mtu?

Shaali alimgeukia mzee. "Mzee Machano, kiti hiki ulikikalia kabla yake. Neno lako linatosha. Sema, tumalize."

Hapo Chausiku alijua ameshindwa. Baba yake alitaka kwenda. Alikuwa amevaa shati jipya. Mzee alifungua kinywa, na watu wote wakainama kumsikiliza, na katika kimya kile mtoto wa Mize akaanza kulia. Alilia kidogo, akakatika. Ikapita pumzi moja ambayo haikuja. Halafu ikaja, ya kukwaruza, kama mtu anayeburuta kiti. Mzee Machano aligeuza kichwa kuelekea sauti ile na hakukirudisha.

"Shaali," alisema. "Nyoosha mkono wako nje ya lango."

"Mzee, tafadhali."

"Unyooshe. Weupe ni wa moto, au wa baridi?"

Shaali hakuunyoosha. Hakuhitaji, alikuwa amesimama pale tangu asubuhi na vidole vyake vilikuwa vimekufa ganzi.

"Tulifundishwa huko chini Weupe unachemka," mzee akaendelea. "Mimi nimewafundisha watoto wenu, kwa fimbo. Jana usiku nilijikaza nisahau kwamba nilifundisha hivyo. Nilitaka kwenda zangu, jamani. Nilitaka sana. Mama yako alipimwa kwa maneno niliyomfundisha huyu, na mke wangu nilimpima kwa mikono hii. Kama nilikosea, siwezi kwenda bila kujua. Na wewe, Shaali, unataka kujua. Ndiyo maana hunitazami."

Akaanza kufungua vifundo. Havikufunguka, Faki alikuwa amevikaza kwa upendo. Ikabidi Faki mwenyewe aje kusaidia.

Shaali alingoja mpaka turubai likaanguka chini. Aliposema, alisema na Chausiku.

"Unasema tukijiongezea uzito, tutashuka."

"Tutashuka."

"Na maharage yataiva."

"Yataiva."

"Basi maji yasimwagwe tena. Yakingwe kwenye mashimo yote, hata yale yalikovunjwa mawe zamani. Nyavu zitundikwe zinase huu ukungu, maji yake yahifadhiwe. Wewe na baba yako mtakaa nyumba ya mizani, mlango nitaufunga mimi. Kila siku ya soko nitabandika chungu cha maharage mbele ya mlango huo, kwa mkono wangu, mtu asije akasema kuna ujanja. Yakiiva, nitafungua. Weupe ukizidi," alimtazama Mize, akaacha kumtazama, "mtashuka ninyi wawili na mtoto. Nyumba yenu itakuwa imelipa watu watatu."

Mize alisimama na mtoto wake, akatembea hadi kwa dada yake. "Basi tufungie wote," alisema. "Sina la kungojea nje."

*

Weupe ulizidi.

Chausiku alikuwa ameuwazia mwisho wa habari hii mara nyingi, lakini hilo hakuliwazia. Kadiri mashimo yalivyojaa maji ndivyo ukungu ulivyokuwa mzito, hadi kutoka dirisha dogo la nyumba ya mizani hakuiona tena nyumba ya jirani, kisha hakuuona mti wa uani, kisha akawa anamtambua Faki aletaye chakula kwa kikohozi chake. Akilini alijua sababu: wingu lina tumbo, na anayelishuka hupita tumboni. Lakini akili ni kitu kimoja na mlango uliofungwa kwa nje ni kitu kingine. Watu walipita wakiurushia mawe. Zilikuwa kokoto tu, maana Nyanje haikuwa na mawe ya kuchezea.

"Mashimo yamejaa," Faki alisema siku moja dirishani. "Sasa wanajaza mitungi. Wengine wanamwaga kwa siri, dada. Wanaogopa. Wanasema unatuzamisha."

"Na wewe unasemaje?"

Faki alikohoa. "Mimi nafunga nyavu," alisema.

Kila siku ya soko Shaali alikuja na kuni, chungu na maharage. Aliwasha moto mwenyewe akakaa mbele yake, peke yake, umati ukiwa umesimama nyuma. Jioni alichota moja, akaliminya, likakataa. Akauzima moto kwa majivu, akaondoka. Kilichomtesa Chausiku ni kwamba hakuweza kujua, kwa kumtazama Shaali mgongo, kama mtu yule alihuzunika au alishukuru.

Mzee Machano alizoea chumba kwa kupapasa. Alivijua vifaranga vyote kwa mikono na kuvipa majina ya wapimaji waliomtangulia. Shati lake jipya halikuwa jipya tena. Mara nyingine Chausiku aliamka na kumkuta ameshika mtaimbo wa mizani kubwa, tupu, akiusikiliza.

"Na kama kuku amekudanganya?" mzee alimwuliza siku moja.

"Kuku hajui kudanganya, Baba."

"Sisi pia hatukujua."

Chausiku aligeukia ukuta. Aliogopa. Aliogopa kwamba amekosea, na kwamba watoto wa watu watakufa ndani ya ukungu huu kwa ajili ya tenga la vifaranga. Halafu, wakati mwingine, aliogopa kwamba hajakosea, na hofu hiyo ilikuwa mbaya zaidi kwa kuwa haikuwa na dawa. Alichojua ni kwamba chumba kilikuwa kidogo, na kwamba hata mlango ukifunguliwa, kisiwa nacho ni chumba, na hakuna atakayewafungulia hicho.

Mtu wa kwanza kujua alikuwa Mize, naye hakujua kwamba amejua. Alikuwa akimnyonyesha mtoto, akisinzia, mara akafumbua macho akauliza kwa hasira, "Nani amekaa kimya?" Walisikiliza. Mtoto ndiye aliyekuwa kimya. Alikuwa ananyonya moja kwa moja, bila kuacha kutafuta pumzi, akimeza kwa ulafi hadi maziwa yakamchuruzika shingoni. Midomo yake, Chausiku alipoisogeza kwenye mwanga wa dirisha, ilikuwa ya waridi.

Siku hiyo ilikuwa siku ya soko. Nje Weupe ulikuwa mzito kupita siku zote na watu walikuwa wamechoka kungoja. Chausiku aliwasikia wakimwambia Shaali wazi kwamba chungu cha leo ndicho cha mwisho, kesho lango lifunguliwe.  Shaali alisikika akivunja kuni. Moto ukalia. Maji yalichukua muda kuchemka. Yalichukua muda mrefu mno, watu wakaanza kunong'ona kwamba moto wenyewe umekata tamaa. Kisha yakachemka, kwa sauti nzito, ya chini, ambayo vijana walikuwa hawajawahi kuisikia.

Na halafu ikaja harufu.

Hakuna aliyeitaja. Ilipenya chini ya mlango, ikajaa chumbani. Ilikuwa harufu tamu, ya udongo, ya jikoni kwa bibi. Mzee Machano aliinua uso. Nje sauti zikapungua moja baada ya nyingine mpaka ukasikika mwiko tu ukigusa chungu.

Komeo likavutwa. Mlango ukafunguka, na Shaali alisimama pale na mwiko mkononi. Akachukua harage moja kwa vidole viwili, akaliminya mbele ya macho yao. Lilipasuka. Liliyeyuka kabisa, likamwachia vidoleni uji mwekundu na ganda jembamba. Shaali aliutazama uji ule kama mtu aliyejikata na bado hajasikia maumivu.

"Limeiva," alisema.

 Mtu mpana yule alikaa chini kwenye kizingiti, mwiko ukamwanguka, akasema, "Mama," akasema tena, "Mama yangu," na nyuma yake, ndani ya Weupe, watu walianza kuwaita watu wao mmoja mmoja, kila nyumba na jina lake, hadi Ukingo wote ukawa majina. Hakukuwa na shangwe. Watu walikuwa wameokoka na hakuna aliyeweza kusimama.

Chausiku alikuwa amelingoja harage hili kwa siku zote zile. Sasa alitamani lingebaki gumu. Alimsikia baba yake nyuma yake akisema polepole, si kwa mtu yeyote wa mle ndani, "Kazija, sikupima sawasawa." Alimfuata, akamshika mikono yote miwili, na mzee akamwachia aishike.

Chungu kilibaki motoni, kimejaa, kikitoa mvuke, na hakuna mtu aliyethubutu kukikaribia. Mtoto akalia. Kilikuwa kilio kikubwa, cha kifua kizima, cha kudai. Mize alimtazama mtoto, akalitazama titi lake lililokwisha kunyonywa, akapita juu ya miguu ya Shaali akiomba radhi, akainama kwenye chungu na kujipakulia sahani. Alikaa palepale chini, mbele ya Nyanje yote, mtoto mapajani.

Akala. Alikuwa analia, na akala, kwa sababu mtoto alitaka maziwa.